Mama yake yuko Arabuni: mwongozo wa kukaa na mtoto aliyebaki nyumbani

Dada yangu aliondoka Tanga saa tisa za usiku. Gari la kumpeleka Dar, uwanja wa ndege, lilisimama mbele ya mlango taa zimezimwa, akapanda, na mwanawe wa miaka saba akabaki amelala upande wa ukutani. Tulikubaliana hivyo wote watatu, mama yetu, mimi na yeye mwenyewe: aondoke mtoto asimwone, asije akalia. Asubuhi aliamka akauliza mama yuko wapi. Nikamwambia ameenda sokoni.

Jioni nilimkuta barazani anatazama kila bodaboda inayokata kona. Kesho yake hivyo hivyo. Siku ya nne hakuuliza tena, na sisi tukamshukuru Mungu kwamba amezoea.

Hakuwa amezoea. Alikuwa ameacha kutuamini tu. Ilinichukua miezi kulijua hilo, na mwongozo huu ni mambo niliyojifunza kwa kukosea kwanza. Nimemwandikia anayebaki na mtoto, awe bibi, mama mdogo, shangazi, baba au dada mkubwa, wakati mama yuko Omani, Saudia, Qatar au Dubai kwa kazi za ndani, kwa mkataba ambao kwa kawaida ni wa miaka miwili. Mengi yatamfaa pia mwenye mtoto ambaye mzazi wake yuko meli, yuko jeshini, au yuko mji huu huu lakini anatoka alfajiri na kurudi mtoto amelala. Mtoto aliyefiwa ana habari yake nyingine, siiingii hapa.

Hatua ya kwanza: mwambie ukweli, hata kama umechelewa

Kama mama hajaondoka, mwambieni mtoto mapema, wiki moja au mbili kabla, na aseme mama mwenyewe. Siku mbili hazitoshi. Miezi mitatu nayo ni mingi mno kwa mtoto mdogo, atakaa anasubiri kuachwa. Maneno yawe machache: "Ninakwenda kufanya kazi mbali, nchi inaitwa Omani. Utakaa na mama mdogo. Nitakupigia kila Ijumaa. Nitarudi, lakini si karibuni." Siku ya safari aamshwe, hata kama ni saa tisa usiku, aage. Atalia. Acheni alie. Kilio cha kuaga kinaisha. Kinachomsumbua mtoto muda mrefu ni kuamka na kukuta upande wa pili wa kitanda mtupu, maana tangu hapo kulala kwenyewe kunamtisha. Wa kwetu alikuwa akiamka mara mbili tatu kwa usiku, anakuja kunigusa mguu, anarudi.

Kama mama ameshaondoka kimyakimya, bado hujachelewa, ila itabidi umwombe mtoto msamaha. Najua kwetu mtu mzima hamwombi mtoto msamaha. Mimi nilimkalisha kwenye mkeka nikamwambia, "Siku ile nilikwambia mama kaenda sokoni. Haikuwa kweli, na nimekosea. Mama yuko Omani, anafanya kazi." Alinitazama muda mrefu, kisha akauliza swali ambalo sikulitegemea: "Ni kwa sababu nilivunja chupa ya chai?"

Hapo ndipo nilipoelewa. Mtoto wa umri ule huamini kwamba mambo makubwa yanatokea kwa ajili yake. Mama hayupo, basi mimi nimefanya nini? Chupa ilivunjika wiki moja kabla ya safari, na muda wote ule alikuwa ameibeba kifuani. Kwa hiyo, uulizwe usiulizwe, sema: "Hukufanya kosa lolote. Hakuondoka kwa sababu yako." Sema leo, na mwezi ujao urudie.

Jambo la kutosema ni "mama amekwenda kukutafutia wewe ada." Hata kama ni kweli. Mtoto anasikia kwamba yeye ndiye gharama iliyomwondoa mama.

Hatua ya pili: usidanganywe na utulivu

Zamani huko London, miaka ya 1940 na 1950, watoto waliolazwa hospitali waliruhusiwa kuonana na wazazi kwa nadra sana. James Robertson, aliyekuwa akifanya kazi na daktari John Bowlby, aliwatazama watoto hao wodini na kuona mambo yakifuatana. Kwanza mtoto analia na kumwita mama. Halafu ananyong'onyea. Halafu anatulia, anacheza na manesi, anakula, na mama akija anamgeuzia mgongo. Wauguzi waliihesabu hatua hii ya mwisho kuwa ndiyo kupona: mtoto ameshazoea. Robertson aliona kinyume chake. Mtoto alikuwa amejifunga.

Siku hizi nikisikia mtu anasema "huyu hana shida, wala hamuulizi mama yake," ndipo ninapoanza kuuliza mimi. Mtoto anayelia anakwambia aliko. Tazama zaidi yule asiyelia: anakojoa kitandani wakati alikwisha acha, tumbo linamuuma kila Jumatatu asubuhi, anaficha chakula, anaiba shilingi mia mbili ambazo hana cha kununua nazo, anakung'ang'ania ukitaka tu kwenda chooni, au amekuwa mtiifu kupita kiasi. Tumbo na kikojozi mpeleke kwanza zahanati apimwe, isije ikawa minyoo au maambukizi ya mkojo ninyi mnatafuta huzuni. Vipimo vikiwa safi, usimwambie "hospitali wamesema unajisingizia." Maumivu anayasikia kweli.

Na msichana mkubwa, wa miaka kumi na moja au kumi na mbili, ambaye tangu mama aondoke anapika, anafua na kuwaogesha wadogo zake mpaka majirani wanamsifu? Huyo mtazame mara mbili. Amechukua nafasi ya mama ili asimkumbuke mama. Mpunguzie kazi, mpe hata saa moja ya kuwa mtoto, na usimwite "mama wa nyumba" mbele za watu.

Hatua ya tatu: mpe kitu cha kuhesabu

"Miaka miwili" kwa mtoto wa miaka saba ni neno tu. Tulichofanya sisi: miaka miwili ina Ijumaa 104. Tukachukua chupa tupu ya jamu, tukahesabu maharage 104 moja moja juu ya sinia, tukaiweka chupa juu ya kabati. Kila Ijumaa baada ya chakula cha mchana anatoa harage moja, analitupa uani kwa nguvu zake zote.

Ijumaa moja niliona chupa imepungua. Nikahesabu: yalitakiwa yawe 81, yalikuwa 70. Nilimkuta nayo kwenye mfuko wa kaptura ya shule, kumi na moja, yameshaanza kuchubuka maganda kwa kushikwashikwa. Sikumchapa, ingawa mama yetu alishanyanyua kandambili. Nilimuuliza tu. Akasema, "Nilitaka aje mapema kidogo." Tukayarudisha pamoja, moja moja, na nikamwacha alie kila linapoingia.

Maharage si lazima. Kalenda ya ukutani inafaa, na mafundo kwenye kamba pia. Kinachotakiwa ni mtoto ashike mwenyewe na aone mwisho uko wapi. Mkataba ukiongezwa, na huwa unaongezwa, usiongeze maharage kwa siri. Mama apige simu, aseme mwenyewe, na mtoto atie nyongeza kwa mkono wake. Na kama tarehe ya kurudi haijulikani kabisa, usitunge. Hesabuni kitu kinachojulikana: siku za simu, au miezi iliyokwisha pita.

Hatua ya nne: simu

Hapa ndipo pa kazi, na ndipo familia nyingi zinapoharibu bila kujua.

Chagueni siku na saa, iwe ileile kila wiki. Muscat na Dubai wako mbele yetu saa moja: kwetu saa mbili usiku, kwao saa tatu. Saudia, Qatar na Kuwait saa zao ni sawa na zetu. Mfanyakazi wa ndani mara nyingi hamalizi kazi kabla ya saa nne au tano usiku, mtoto kashalala, kwa hiyo ulizeni mapema ni saa ngapi mama anaweza kukaa peke yake robo saa tu. Robo saa ya uhakika kila Ijumaa inamfaa mtoto kuliko saa nzima inayokuja siku isiyojulikana. Mwezi wa Ramadhani ratiba yote hupinduka, kazi za jikoni zinaanza alasiri na kuisha baada ya daku. Mwambieni mtoto kabla mwezi haujaandama.

Simu za WhatsApp zimekuwa zikisumbua Omani na Falme za Kiarabu, ndiyo maana wengi walioko huko wamekuwa wakitumia programu nyingine za kupiga simu. Lakini ujumbe wa sauti unapita, na mimi nauona bora kuliko simu yenyewe. Mama anaweza kuurekodi saa sita usiku akiwa kalala kwenye godoro lake, mtoto akausikiliza asubuhi akivaa soksi. Anaurudia mara kumi. Dada yangu alikuwa akimtumia hadithi ya sungura na fisi vipande vipande, kila siku kipande kimoja, anakatiza pale fisi anapoinua mguu.

Sasa maongezi. "Hujambo? Umekula? Shule vipi? Unasoma kwa bidii?" Mtoto atajibu sijambo, ndiyo, nzuri, ndiyo, na simu atakuwa ameshaiweka chini. Mama aanze yeye, aseme jambo dogo la kwake: leo joto lilikuwa kali mpaka ndala imenata kwenye lami, nyumba ya huku ina paka mweupe mwizi wa samaki. Kisha aulize kitu chenye kona: "Nani alikaa pembeni yako leo darasani?" "Lile jino limeng'oka?" Ili aweze kuuliza hivyo, wewe uliye nyumbani umtumie habari kabla: jino linacheza, kagombana na rafiki, kajifunza kufunga kamba za viatu. Bila hizo mama anaongea na mtoto aliyemwacha mwaka juzi, ambaye hayupo tena.

Makatazo yangu ni haya. Usimshitaki mtoto kwenye simu: "Haya msemee mama ulichofanya!" Dakika kumi na tano za wiki nzima zinageuka baraza la kesi, na wiki ijayo atajificha simu ikilia. Usimtishie kwa mama ("nitamwambia asirudi"), hata kwa utani. Mambo ya pesa, kodi, bati la nyumba na deni la duka yawe na simu yake nyingine. Mtoto akisikia kila simu inaishia kwenye "umetuma?" ataelewa mama ni nani katika nyumba hii. Na akikataa kuongea, usimlazimishe wala usimwambie mama "hakutaki." Weka simu kwa sauti kubwa, ongea na mama wewe, mtoto akichezea pembeni. Anasikiliza. Wa kwetu alifanya hivyo majuma sita, mgongo ameupa simu, halafu siku moja akasema bila kugeuka, "Mwambie jino limetoka."

Siku simu isipolia, na itatokea, maana mwajiri anaweza kuizuia au salio likaisha, mtoto awe ameshaambiwa tangu mwanzo: "Ijumaa nyingine haitawezekana. Si kwamba amekusahau." Siku hiyo mrudieni ujumbe wa sauti wa zamani. Msifute hata mmoja.

Hatua ya tano: mtu mmoja, saa moja, kila siku

Nyumba yetu ina watu tisa. Mtoto alikuwa mpweke humo humo, katikati ya kelele, kwa sababu watu tisa walikuwa wakimlisha na hakuna aliyekuwa wake. Anaogeshwa na huyu, anasainiwa daftari na yule. Kaeni muamue: nani ndiye wake? Jina moja. Huyo ndiye wa kuamka naye usiku, ndiye wa kwenda kikao cha wazazi. Na mtoto asizungushwe, mwezi huu kwa bibi, mwezi ujao kwa baba mkubwa. Kila uhamisho ni kuachwa upya.

Saa mbaya kuliko zote ni magharibi. Mchana kuna shule, madrasa na mpira. Ikifika adhana watoto wenzake wanaitwa kwa majina na mama zao, mmoja mmoja, na uwanja unabaki mtupu. Saa hiyo uwe naye. Hahitaji hotuba wala mwanasesere. Mpe kitunguu amenye, mpe mchele achambue, mkae bega kwa bega. Mtoto akitazamwa usoni na kuulizwa "una nini?" anasema "sina." Mikono ikiwa na kazi, mdomo unafunguka wenyewe. Nusu ya niliyoyajua kuhusu yule mtoto niliyajua tukikuna nazi, yeye juu ya mbuzi, mimi nikishika sinia.

Mwache awe na kitu cha mama. Yeye alilala na kanga ya mama yake, nayo haikufuliwa muda wote, ilikuwa na harufu ya jasho na udi, majirani wakinicheka. Mtoto wa chini ya miaka mitatu mpe picha na sauti kila usiku. Atakuita wewe mama, na usimkaripie: mwambie tu "yule mama, na mimi mama mdogo."

Hatua ya sita: anapobaki peke yake kabisa

Wapo wanaoishi chumba kimoja mjini, mlezi yuko gengeni mpaka saa tatu usiku, mtoto anajifungulia mlango mwenyewe. Kama kuna jirani wa kumpokea, hata kwa kumlipa kidogo, fanya hivyo kabla ya kununua kitu kingine chochote. Kama hakuna, mruhusu aje gengeni, afanyie kazi za shule juu ya kreti ya soda.

Usimfungie kwa nje. Moto ukitokea hatoki. Jiko la mkaa lisibaki likiwaka ndani ya chumba kilichofungwa, hewa yake inaua mtu amelala. Andika namba tatu za simu ukutani kwa maandishi makubwa. Mwachie redio ikiongea, kwa sababu chumba kimya kinamtisha mtoto kuliko giza. Na mwachie kazi moja yenye mwisho: kuloweka maharage, kupanga daftari. Televisheni siichukii, lakini haimuulizi chochote.

Hatua ya saba: shule na wenzake

Mwambie mwalimu wa darasa. Usiku mmoja nilikuta daftari limechanwa ukurasa. Walikuwa wameambiwa wachore familia, na mwenzake akamuuliza mama yako yuko wapi, akaongeza aliyoyasikia kwao, kwamba wanaokwenda Arabuni wanauzwa. Tulifanya mazoezi ya jibu mpaka likakaa mdomoni: "Mama yangu anafanya kazi Omani, anarudi." Basi, hana zaidi ya hapo la kueleza. Mwalimu naye akaelewa kwa nini mtoto huyu huchelewa kufunga mkoba saa ya kutoka.

Zawadi zinazotumwa kutoka huko zigawanywe kidogo kidogo. Begi lote likifunguliwa siku moja, wenzake wanamzunguka siku hiyo, kesho hawapo.

Hatua ya nane: wanaonusa upweke

Mtoto mwenye njaa ya kusikilizwa humfuata yeyote anayemsikiliza, na wapo wanaolijua hilo. Anaweza kuwa dereva wa bodaboda anayemnunulia soda, kaka wa tuisheni, au ndugu wa humo humo ndani. Mfundishe kwamba hakuna siri ya mtu mzima ambayo wewe huruhusiwi kuijua, na akikuletea jambo, usianze na "wewe ulifuata nini kule?" Akisema hataki kwenda kwa fulani, asiende, sababu mtaitafuta baadaye.

Namba 116 ni ya kusaidia watoto, Tanzania na Kenya, na kuipiga ni bure. Mtoto mwenyewe anaweza kupiga. Kwenye kata au halmashauri muulize afisa ustawi wa jamii, na kwa jambo la kuumizwa, Tanzania vituo vya polisi vina Dawati la Jinsia na Watoto. Usisubiri kama mtoto anasema anataka kufa, anajiumiza, au ameacha kula kwa siku kadhaa. Siku hiyo hiyo, hospitali.

Hatua ya tisa: mama anaporudi

Watu hudhani hapa ndipo shida inaisha. Dada yangu alishuka kwenye gari na mabegi matatu, akafungua mikono, na mtoto akaingia nyuma ya gauni langu. Niliuona uso wa dada. Muandae mama kabla, kwa simu: anaweza akakuita anti, anaweza akakugomea, anaweza akakujaribu kwa utundu ambao hatufanyii sisi. Asimvute. Asianze na adhabu wiki za mwanzo, wala kubadilisha saa za kulala. Wewe mlezi nawe usitoweke siku ileile ukidhani unawapa nafasi. Kwa mtoto hiyo ni mara ya pili. Punguza polepole: wewe umwogeshe mama akiwa karibu, kesho mama amwogeshe wewe ukiwa karibu.

Na ukisikia wivu, ni kawaida, uusemee kwa mtu mzima mwenzio.

Usiku wa kwanza alilala kwangu. Wa pili kwangu. Wa tatu aliamka, nikasikia miguu yake kwenye sakafu ikienda hadi mlango wa chumba cha mama yake, ikasimama pale, ikarudi. Wa nne alichukua mto wake, akaenda, hakurudi. Asubuhi ile kanga nikaikuta imekunjwa juu ya ndoo ya nguo za kufua.